Daraja Juu ya Meza ya Mchanga

Wanafunzi wake humwita Mama Mchanga, ila si mbele yake. Anafundisha historia ya vita katika chuo cha maofisa. Ni raia pekee katika korido ya watu wenye nyota mabegani, na hajawahi kushika bunduki hata ya kupigia picha. Mwaka huu anastaafu. Magoti yake yalistaafu kabla yake.

Jina hilo lilitokana na meza iliyo katikati ya darasa lake, pana kama kitanda cha watu wawili, yenye kingo za mbao na iliyojaa mchanga. Maandishi yoyote ya vita anayofundisha, yawe ya karani wa mfalme aliyekufa kabla baruti haijajulikana au ya jenerali aliyevua magwanda juzi, lazima kwanza yatembezwe hapo. Anafinyanga vilima, anachora mto kwa kidole, anaweka vifuniko vya soda kuwa askari na njiti za kiberiti kuwa madaraja, kisha anasoma ukurasa kwa sauti huku akisogeza. Kurasa nyingi tamu hufia mezani hapo. Jeshi lililovuka bonde kwa kufumba na kufumbua huonekana lingehitaji mabawa.

"Aliyeshinda anaandika kitabu," huwaambia wanafunzi. "Aliyeshindwa anaandika utangulizi mrefu. Na wote wawili wanasahau tope."

Kila mwaka wanafunzi wapya hucheka. Yeye mwenyewe aliacha kucheka zamani.

Kazi yake ya mwisho ilikuwa kuhariri kitabu cha kiada kuhusu mapigano ya zamani. Sura zote zilikwishapita mezani, isipokuwa moja iliyotokana na kumbukumbu za jenerali ambaye sasa ni marehemu. Ndani yake mlikuwa na sentensi hii: "Platuni iliyolinda daraja iliondoka kabla ya amri, na malori ya majeruhi yaliyofika baadaye yakamkuta adui."

Luteni wa platuni hiyo alikuwa kaka yake.

Habari zilimfikia kaka mtu kabla hazijaiva, kama zinavyofanya siku zote. Wiki hiyo wifi yake akapiga simu.

"Wifi, njoo umchukue huyu mzee wenu. Hali, halali, kutwa anapigana vita na dari."

"Si ulimchagua mwenyewe?"

"Nilichagua luteni mimi. Mliyeniletea ni kikohozi chenye miguu."

Walicheka kidogo, kicheko cha wanawake waliochoka na mtu mmoja. Kisha wifi akampa mgonjwa simu.

"Mdogo wangu," sauti ya kaka ilisema, ikivuta pumzi katikati ya maneno. "Amri ilifika. Wewe unajua ilifika."

Alijua kwamba kaka amesema hivyo tangu aliporudi vitani. Nyumbani hakuna aliyewahi kuuliza mara ya pili. Baba yao alipokufa, kaka ndiye aliyekuwa baba, na baba hahojiwi.

"Futa sentensi moja tu," kaka aliomba. "Kitabu hicho kitasomwa mpaka wajukuu zangu waote mvi."

"Sifuti nisichokitembeza, kaka."

"Basi kitembeze. Nami nitakuwepo."

Jumamosi chuo kilikuwa kimya. Mama Mchanga alifika mapema, akalainisha mchanga, akachora mto, akasimika daraja. Jambo moja halikuwa na ubishi. Jenerali na kaka wote walisema amri ilitoka makao makuu saa kumi na moja, na platuni ikaondoka jua linazama, saa kumi na mbili. Redio zilikuwa zimekufa, kwa hiyo amri ilikwenda na tarishi wa pikipiki. Swali lilikuwa moja tu: je, saa moja ilimtosha tarishi kufika darajani?

Ramani ya zamani ilikuwa ukutani, na kati ya makao makuu na mto ilionyesha kinamasi. Aliitazama kwa muda. Kisha akalisawazisha bonde kwa kiganja, likawa kavu kama sakafu. Hakuwahi kufanya hivyo hata mara moja katika miaka yake yote ya kazi.

Kaka akaingia kwa fimbo, akashusha pumzi mlangoni, akakaa kwenye kiti alichowekewa.

"Hiki kifuniko chekundu ndiye tarishi," Mama Mchanga alimweleza. "Kila zamu ni robo saa. Ana zamu nne."

Akamsogeza zamu ya kwanza, moja kwa moja bondeni. Akamsogeza ya pili. Zamu moja zaidi na tarishi angekuwa darajani, na sentensi ya jenerali ingekufa kifo cha haki.

"Ngoja," kaka alisema. "Umempitisha wapi huyu?"

"Hapa bondeni."

"Bondeni! Na kinamasi?"

"Kinamasi kipi, kaka?"

"We mtoto! Ndivyo unavyowafundisha maofisa wetu? Pikipiki hapo inazama na dereva wake. Hebu toka."

Alisimama bila fimbo. Akachukua chupa ya maji, akaimimina bondeni mpaka mchanga ukawa uji, akamrudisha tarishi alikotoka. "Anazunguka kilima. Njia ni ya mawe, kwa hiyo usimpe mwendo wa lami." Alimsogeza mwenyewe, zamu baada ya zamu, kwa vipimo ambavyo mkono wake haukuwa umevisahau. Sauti ilimrudia, ile ya kutoa maelekezo mbele ya vijana. Hata kukohoa aliacha.

Zamu ya nne ilipokwisha, tarishi alikuwa bado nyuma ya kilima.

Kidole cha kaka kilibaki juu ya kifuniko.

"Labda amri ilitoka mapema kuliko walivyoandika," Mama Mchanga alisema.

"Ulijua kinamasi kipo."

Mama Mchanga aliigeukia ramani ukutani.

"Ulijua, mdogo wangu. Usianze kuharibu kazi yako kwa ajili yangu." Akakaa, taratibu, kama mtu anayeteremka ngazi gizani. "Tulikutana na tarishi njiani. Sisi tunarudi, yeye anakwenda. Akanipa amri kwa mdomo: ondokeni darajani. Nikamjibu, nimeipata. Tangu siku hiyo nasema nimeipata. Na kweli niliipata."

"Na malori?"

"Tulisikia injini zake kwa mbali, ng'ambo ya mto, kabla hatujaondoka. Sajenti akaniambia, 'Afande, tuwasubiri, hao ni wetu.' Nikamwambia hatuna uhakika ni wa nani." Alifuta mchanga kwenye vidole. "Nilikuwa na uhakika."

Dirisha lilikuwa wazi, na nje mtu alikuwa akifagia majani, ufagio ukienda na kurudi. Mama Mchanga alitaka kusema neno la faraja. Alikuwa amesoma wafalme, majenerali na makarani wao, watu waliojaza makabati kwa kueleza kushindwa, na hakuna hata mmoja aliyemwachia neno la kumfaa.

"Isome hiyo sentensi," kaka alisema.

Aliisoma.

"Haiko sawa."

"Kaka, nimechoka. Umeona mwenyewe."

"Nimeona. Wameandika platuni iliondoka. Platuni haiondoki yenyewe, dada. Wale vijana walitaka kubaki, na wengine bado wako hai. Andika luteni aliiondoa."

"Chuoni kila mtu anajua luteni ni nani. Watoto wako watasoma."

"Wasome. Andika nione."

Alikata maneno mawili, akaandika matatu juu yake. Kaka alivaa miwani, akasoma polepole huku midomo ikicheza, akatikisa kichwa kukubali. Kikohozi kikamrudia. Akaupapasa ukingo wa meza akitafuta fimbo, dada yake akampa.

"Tutokee mlango wa jiko la chuo," kaka alisema.

"Ni mbali, utachoka. Gari liko langoni."

"Langoni vijana watanipigia saluti."

Akamshika mkono, wakapitia jikoni.