Nyar Banaba

Baba mdogo Odhiambo alinukia molasi. Kila alipotoka Muhoroni kuja kututembelea Kisumu, harufu ile tamu iliyokaribia kuchacha ilitangulia kuingia sebuleni, ikakaa kwenye vitambaa vya viti mpaka Jumatatu. Alikuwa fundi wa mitambo katika kiwanda cha sukari, na mtu wa kwanza katika ukoo wetu kupanda ndege. Katikati ya miaka ya themanini, nilipokuwa darasa la tano, wakubwa wake walimpeleka Fiji akajifunze jinsi wenzao wa huko wanavyosaga miwa. Sikujua Fiji iko wapi. Ramani ya dunia iliyobandikwa darasani kwetu iliikata Bahari ya Pasifiki vipande viwili, kimoja pembeni kushoto na kingine pembeni kulia, na visiwa vyake vilionekana kama vinyesi vya nzi. Mwalimu alituambia kwamba Fiji ilitawaliwa na Waingereza kama sisi, na kwamba miwa yake ililimwa na Wahindi waliopelekwa huko kwa meli, kisha akaendelea na Bonde la Ufa.

Baba mdogo alikaa huko zaidi ya mwaka, na aliporudi alikuja na mke. Jina lake lilikuwa Meri. Alikuwa na nywele nyeusi zilizonyooka mpaka kiunoni na sauti ya chini, na kwa kuwa kiwanda kilikuwa bado hakijawapa nyumba, alikaa kwetu Kisumu miezi kadhaa, akilala chumba kimoja na mimi na dada yangu. Wiki ya kwanza mama alimpeleka ziwani. Meri alichota maji kwa kiganja, akayaonja, akacheka, maana hakuwahi kuona maji mengi kiasi kile yasiyo na chumvi. Siku nyingine alikata samaki mbichi aina ya ngege vipande vidogo, akakamulia ndimu na kutuwekea mezani. Baba aliinuka akaenda kusoma gazeti nje. Sokoni Kibuye aliulizia nazi mpaka wachuuzi wakamzoea, lakini nazi haikupatikana.

Kwetu mwanamke aliyeolewa huitwa kwa jina la alikozaliwa. Mama alikuwa Nyar Alego, binti wa Alego, na majirani hawakuchelewa kumwita Meri Nyar Fiji. Aliitikia kwa heshima, kisha akawaambia kwamba Fiji si kwao. Walidhani hajaelewa swali. Mama ndiye aliyepata maelezo kamili, alasiri moja walipokuwa wakichambua omena, wale dagaa wa ziwani, uani, na mimi nikiwa nimekaa karibu nao. Meri alisema kwa Kiingereza kwamba watu wake ni wa Banaba, kisiwa kidogo cha peke yake katikati ya Pasifiki, karibu na mstari wa Ikweta kama sisi. Hakikuwa na mto. Maji ya kunywa yalikuwa ndani ya mapango chini ya ardhi, na wanawake pekee ndio waliotambaa humo na vifuu kuyateka. Kisha Wazungu waligundua kwamba udongo wa kisiwa kile ni fosfeti, ile inayotengenezewa mbolea. Walichimba, wakapakia melini, wakapeleka Australia na Nyuzilandi kunenepesha malisho ya ng'ombe na kondoo. Vita vilipofika, Wajapani waliwatoa wenyeji na kuwatawanya visiwa vingine. Vita vilipoisha, Waingereza waliwakusanya, lakini badala ya kuwarudisha kwao waliwashusha katika kisiwa kingine kinachoitwa Rabi, huko Fiji, ndani ya mahema, msimu wa mvua za dhoruba. Mama yake alikuwa msichana katika meli ile. Meri mwenyewe alizaliwa Rabi, na uchimbaji uliendelea mpaka yeye akawa mtu mzima. Mama yangu alisikiliza mpaka mwisho, akasema pole, na nadhani aliamini nusu yake.

Mvua za masika zilipokaribia tulikwenda Seme kwa nyanya, mama yake baba, kumsaidia kupanda mahindi. Nyanya aliishi kwa shamba lile, na sisi wa mjini tulikula magunia matatu au manne kutoka kwake kila mwaka. Mwaka ule baba mdogo alikuwa ameshauri tutumie mbolea ya dukani, na baba, ambaye alikuwa mgumu wa kufungua mfuko, alikubali akanunua magunia mawili. Tulijipanga asubuhi: mmoja kuchimba mashimo, mmoja kutia mbolea, mmoja kudondosha mbegu. Meri alipewa karai la mbolea. Alilitazama, akamuuliza mumewe ni kitu gani, na alipojibiwa akaliweka chini taratibu, akafuta mikono kwenye leso yake.

Baba mdogo aliona haya mbele ya kaka yake. Alimweleza kwa upole kwamba mbolea ile haikutoka Banaba, kwamba machimbo ya kule yalikuwa yamefungwa miaka kadhaa iliyopita. Meri alisema anajua. Alisema atachimba mashimo, atapalilia, atafanya kazi nyingine yoyote, lakini ile hataigusa. Baba alianza kupandisha sauti. Nyanya, aliyekuwa ameinama mwisho wa mstari, akanyooka na kutaka atafsiriwe kinachosemwa. Baba mdogo alimtafsiria yote kwa Kijaluo, kuanzia mapango mpaka meli. Nyanya alikuwa na swali moja tu.

"Muulize, na makaburi?"

Meri alitazama lile karai. "Bibi yangu alisema mashine hazikuchagua. Zilichota udongo na waliokuwa ndani yake."

Nyanya aliangalia upande wa boma, walipolala babu na watoto wake wawili waliokufa wadogo. Kisha akamwambia baba ayarudishe magunia kwenye mkokoteni.

"Mama, mahindi hayatatoka," baba alisema.

"Yakikataa, yamekataa. Nyar Banaba, njoo uchimbe hapa karibu nami."

Yalikataa kweli. Ardhi ile ilikuwa imechoka, na kufikia kipindi cha kuzaa, mahindi yetu yalikuwa ya manjano, yakitufika kiunoni, huku ya jirani yakimfunika mtu. Mwaka ule tulinunua unga dukani, na baba alikaa miezi bila kuzungumza na mdogo wake. Alisema wazi, Meri akisikia, kwamba familia nzima inalala njaa kwa sababu ya udongo wa ng'ambo. Nyumba ya kiwanda ilipopatikana, Meri alimwambia mumewe atangulie, yeye akaenda kukaa Seme kwa nyanya. Kwa msimu mzima yeye na nyanya walikwenda kwa wenye ng'ombe wakiomba samadi, wakaibeba kichwani kwa karai na kuizika shambani mstari kwa mstari. Mavuno yaliyofuata hayakuwa mengi kama ya jirani, lakini yalitosha.

Baba hakuwa mtu wa kuomba radhi. Alifanya kazi stesheni ya reli, na siku moja aliwaagiza wenzake wa garimoshi wamletee kitu kutoka Mombasa. Meri alipokuja kututembelea, baba aliweka nazi mbili juu ya meza, akasema, "Shemeji, hizo ni zako," akatoka. Meri alizitikisa moja moja karibu na sikio. Jioni ile tulikula samaki wa nazi, na baba aliongeza sahani.

Siku hizi visiwa vya Pasifiki si vigeni kwa mtoto yeyote mwenye simu. Binti yangu, aliyezaliwa Nairobi, anaweza kutaja Kiribati, Tuvalu na Tonga bila kusita, na anajua kwamba bahari inapanda na vingine vinaweza kuzama. Mwaka jana alipewa kazi ya shule kuhusu mambo hayo, nikampigia Mama Meri, ambaye sasa ni mjane na bado yuko Seme. Alimweleza binti yangu kwa Kijaluo na Kiswahili kwamba Banaba imeinuka juu, bahari haitaifikia kwa urahisi, na kwamba kilichoiondoa hakikuwa maji. Binti yangu alimuuliza kama aliwahi kufika huko.

"Sijawahi hata siku moja."

"Sasa nyanya, inawezaje kuwa kwenu?"

Nilimsikia Mama Meri akicheka upande wa pili. "Na wewe kwenu ni wapi?"

"Seme," binti yangu alijibu haraka, kama anavyojibu siku zote, kisha akageuka kunitazama.