Alhamisi ya Athanase

Kamera ya Melania ilikuwa bubu. Ilinyeshewa mvua pale Guangyuan Xilu, mtaa wa soko la Wachina, ikabaki inaona bila kusikia, lakini mtu wa Tukuyu hatupi chombo kwa kilema kimoja. Kila siku alipiga filamu za jinzi na makuli wenye marobota, na kila Jumamosi alituma wiki nzima Mbeya kwa mtandao, ambako mdogo wake Kissa aliwaonyesha wateja dukani na kuisemea mwenyewe.

Wiki moja ya mwaka 2009 polisi walikagua pasipoti duka kwa duka. Ijumaa mchana askari mmoja akaingia dukani kwa Melania, akaiona kamera, akadai kuona kilichomo.

Filamu ya Alhamisi ilimwonyesha Athanase, Mkongo wa Lubumbashi aliyeishiwa viza tangu mwaka juzi, akichomoza nyuma ya marobota na kuwapungia wanawe watatu. Kissa angeifikisha kwa mkewe, Kethia, aliyebaki nao Lubumbashi. Na nyuma ya marobota hayohayo, hatua nne kutoka kwenye buti za askari, Athanase alikuwa amelala akibana pumzi.

"Tuanze Jumatatu, bosi," Melania alisema kwa Kichina chake cha sokoni, akaanza kuisemea filamu. Kila suruali aliitaja: zipu, kitambaa, rangi isiyochuja. Jumanne. Askari akapiga mwayo. Jumatano. Mdomo haukufunga. Wahenga walisema mdomo huponza kichwa. Huu ulikuwa unakiokoa cha mwenzake. Kwenye soksi za Jumatano, askari akachoka.

"Meiyou," alisema, hakuna kitu, akaenda duka la jirani.

Athanase akatoka, vumbi hadi kwenye kope. Melania alikuwa keshaweka kidole kwenye kitufe cha kufuta filamu ya Alhamisi.

"Ngoja, dada. Wa mwisho nilimwacha na miezi mitano. Hanijui sura."

"Wakirudi, je?"

"D'accord, sawa," Athanase akasema. "Nijiangalie mara moja."

Akajitazama akipunga, akicheka, midomo ikitaja majina matatu yasiyosikika. Kisha akakibonyeza kitufe mwenyewe.

Kesho yake Kissa akapiga simu. "Dada, wateja wanauliza, Alhamisi iko wapi?"

"Alhamisi soko lilifungwa," alijibu Melania.

Nyuma ya marobota, Athanase alikuwa akiyataja majina yale matatu, moja baada ya jingine, kwa sauti ya chini.