Kalisti anamsimulia Mwalimu picha asizoziona

Saa nane mchana, Riverdale Park, Maryland. Kalisti Rwegasira ameshika kijiko cha uji mkono mmoja, rimoti mkono wa pili. Analisha, anafuta kidevu, anasimulia.

"Mama anakuna nazi. Amekalia mbuzi kama zile za pwani. Nje mvua."

Mgonjwa anayemhudumia nyumbani, Mwalimu Kurian, anatikisa kichwa kwa kuridhika. Ni mzaliwa wa Kerala, kusini mwa India. Alifundisha hesabu Tabora kabla ya kuja Marekani, na Kiswahili hakijamtoka. Macho ndiyo yaliyokwisha. Filamu za kwao, za Kimalayalam, anasikia kila neno asione kitu.

Kalisti, 46, anaona kila kitu asielewe neno. Ujanani alitafsiri filamu katika kibanda umiza, ukumbi wa video wa mtaani, huko Muleba, bila kujua lugha ya hata moja. Palipopoa aliruka mbele, watu wasidai viingilio vyao.

Kwa Mwalimu alianza hivyohivyo. Mtu akichemsha chai, alibonyeza hadi kwenye ngumi. Akakatazwa.

"Kijana, ngumi nazisikia," anakumbuka kuambiwa. "Niambie chai inamiminwaje."

Tangu hapo anasimulia wali kwenye majani ya migomba, bendera nyekundu kituo cha basi, wazee wakibishana siasa mgahawani. Mwalimu humfafanulia kwamba kwao hata kinyozi ana chama, na ukikosea kinyozi utanyolewa huku ukihutubiwa na wapinzani. Zamani alicheka mpaka akakohoa.

Siku hizi hacheki sana. Madaktari wameacha tiba. Wauguzi huja kumpunguzia maumivu tu. Mkewe, Aleyamma, alifariki mwaka jana akiwa ziarani Kerala, akazikwa huko. Mwalimu hakuweza kusafiri. Filamu wanayotazama imepigwa kijiji jirani na alikozikwa, na ndani yake kuna mazishi.

Hapo ndipo Kalisti anaposhindwa. Mama yake alizikwa Muleba mwaka juzi, yeye akitazama kwenye simu, kibali cha kusafiri hakijatoka. Jana, jeneza lilipotokea, alibonyeza mbele akasema watu wanakwenda sokoni.

Leo kengele ya kanisa inalia tena. Kidole kiko kwenye rimoti. Mwalimu anapapasa shuka mpaka anaupata mkono wa Kalisti.

"Kengele ile naijua," anasema taratibu. "Usiruke, kijana. Wa kwangu sikumwona akipelekwa."

Kalisti anaondoa kidole. "Mvua imekatika," anaanza. "Wanaume sita wamebeba. Wa mbele hana viatu…"

Anasimamisha picha.

Mwalimu hamlaumu. Anauliza tu wamefika wapi. Kalisti anajibu kuwa wako langoni.

"Basi wapumzike hapo. Kesho tutawaingiza."

Zamu inapokwisha, Kalisti anaosha bakuli na kuvaa koti. Anasema amepanga kuwahi kesho, na safari hii hataruka kitu, hata udongo.

"Naomba tu anisubiri," anasema, akifunga mlango polepole.

Kwenye runinga, wale sita bado wamesimama langoni.