Tanzia ya Mwenye Pikapu

Alhamdulillahi, Mungu amenipa umri wa kuona mengi, na moja ya hayo ni jirani yangu akitazama kosa lake likichezwa jukwaani, nami nimeketi ubavuni pake.

Mwalimu wa fasihi wa sekondari yetu hapa Mahurunga, binti Mkristo kutoka bara, alinifuata madrasa. Wanafunzi wake walikuwa wanatunga tanzia, mchezo wa huzuni wa jukwaani, na hakutaka wafalme wala majini. Alitaka kisa cha mtu wa kawaida aliyeanguka kwa kosa lake mwenyewe. Nikamwambia kisa ninacho, na mtu wake huwa anasali nyuma yangu, safu ya pili.

Nikamsimulia. Binti yangu alishikwa na uchungu wakati wa mvua, mkunga akasema apelekwe mjini upesi. Mwenye gari kijijini alikuwa mmoja, jirani yangu. Nilimkuta mchana anapakia viti vya plastiki kwenye pikapu yake, vya harusi ya mpwa wake kule Msimbati. Nikamsihi. Akasema, "Maalim, nikishusha hivi tu narudi." Alirudi kesho yake, sisi tumeshatoka makaburini kumzika binti yangu na mwanawe. Msibani akanipa mkono mbele ya watu, akasema, "Tushukuru, Maalim. Mungu ndiye aliyepanga."

Maneno hayo nimeyafundisha maisha yangu yote. Ni kweli tupu. Nilishukuru kama nilivyofundishwa, na tangu siku hiyo nikamchukia.

"Mwishoni afe," nilimwambia mwalimu. "Gari limpindukie."

"Hapana, Babu. Tukimuua watapiga makofi, halafu watamsahau. Tanzia za zamani ziliua sana. Za siku hizi zinamwacha mtu hai, yeye na alichokifanya."

"Zinamwacha anakula wali?"

"Anakula wali."

"Basi mpikieni wenye mawe."

Akacheka. Mimi sikuwa natania.

Siku ya mchezo, baada ya Alasiri, uwanja wa shule ulijaa. Nilikwenda mwenyewe kumwita jirani, nikamshika mkono mpaka kwenye viti vya mbele, na heshima ile ilimfurahisha. Mwenye gari alichezwa na msichana wa kidato cha tatu, kanzu inaburuta chini na kofia inamfunika masikio. Alipoanza kupakia viti, akina mama hawakuweza kunyamaza.

"Mpakie huyo mzazi! Viti vina uchungu?"

"Mwacheni, anawahi pilau."

Watu wakacheka. Mimi nilikuwa namtazama jirani kwa pembe ya jicho. Tabasamu lilimwisha usoni taratibu, na nilimshukuru Mungu kwa kunijalia kuliona likiisha.

Kisha mchezo ukanigeuka. Mwenye gari alirudi kutoka harusini, akasikia kilio nyumba ya pili. Hakuingia wala hakukimbia. Alichukua kitambaa akaanza kufuta kile kiti cha mbele cha gari, kiti ambacho hakuna aliyekikalia, akafuta na kufuta. Wanawake wakaanza kulia, nami nikadhani wanamlilia binti yangu. Bibi mmoja nyuma yangu akasema, "Maskini wa Mungu, ataingiaje mle ndani?"

Walikuwa wanamlilia yeye. Nilikuwa nimewakusanya wamtemee mate, na wao wakampa machozi. Hakuna aliyeniambia kwamba tanzia ndivyo ilivyo, kwamba unampandisha adui yako jukwaani na watu wanaondoka naye mioyoni mwao.

Makofi hayajaisha, jirani akasimama. "Maalim," alisema, na wote wakasikia, "gari lilikuwepo. Viti vingeweza kusubiri. Nakuomba radhi."

Watu wakanigeukia. Katika dini yetu, makosa ya mtu kwa Mola wake, Mola humsamehe apendavyo. Lakini haki ya mja hubaki mkononi mwa mja aliyedhulumiwa. Hilo nimewasomesha watoto miaka na miaka, bila kujua utamu wa kuishika haki hiyo mkononi.

"Nimekusikia," nikamjibu.

"Sema umemsamehe, Maalim," mmoja akaita.

"Magharibi inakaribia," nikasema, nikaenda kutawadha.

Tangu siku hiyo huja kwangu kila Ijumaa baada ya sala. Sukari imemharibia mguu, anatembelea fimbo. Namwekea kiti kivulini, mke wangu anamletea chai isiyo na sukari na muhogo wa kuchemsha. Ananiomba radhi, nami namuuliza hali ya mguu. Siku moja mwalimu alitukuta, akaninong'oneza wakati wa kuaga: "Babu, sasa sijui tena tanzia hii ni ya nani."

"Andika utakavyo, mwalimu. Mimi nina subira."

Ijumaa iliyopita jirani aliuliza, "Na nikifa kabla hujanipa radhi?"

"Tutakutana mbele ya Mola wetu. Nitakuwepo."

Akachukua fimbo yake. Alipoinuka mguu ukamteleza kizingitini, nikamdaka kabla hajaanguka, nikamshika kiwiko mpaka barabarani. Kila baada ya sala namwombea afya na umri mrefu wa kuja kuniomba radhi, na katika dua zangu zote hiyo ndiyo ninayoiomba kwa moyo wote.