Jumapili za Siwema

Raimundi ni kaka yangu, tumenyonya ziwa moja, na bado nasema alichomfanyia mkewe ni wizi. Wakinisikia nyumbani Mapera watasema Ephrasia anaumbua ukoo. Basi na uumbuke.

Siwema aliolewa kutoka ziwani, Mbamba Bay, mtoto pekee wa mama yake, binti wa Kianglikana aliyebadili kanisa, chakula na lugha kwa ajili ya kaka yangu. Huku milimani akafundishwa ngoro, kilimo chetu cha mashimo. Mwanamume anafyeka nyasi na kuzilaza miraba miraba shambani, kisha mwanamke anachimba udongo katikati ya kila mraba na kuzifunika zile nyasi, shimo baada ya shimo, mteremko mzima. Nyasi ni kazi ya siku chache. Mashimo ni ya wiki nyingi, na mgongo unaouma ni wa mwanamke. Ongeza kahawa ya kuchuma na kuanika, uniambie mtu huyo angemwona mama yake lini? Katika miaka kumi na minane alishuka ziwani mara tatu, na kila mara alirudi kesho yake.

Kilichompa moyo ni udongo wa akiba. Kwa asiyeujua, ni udongo wa kijivu unaopatikana nyuma ya kilima chetu. Ukikaa ukaufinyanga mchana kutwa, mchana ule unaingia humo. Wewe unaona tu jua limeruka kutoka utosini hadi machweo. Hukupumzika, hukuongea, hukusikia hata ndege. Siku ukilivunja bonge lako kwenye maji ukanawa, mchana ule unarudi, wako na wa yeyote uliyenawa naye. Hata kama ni mgonjwa wa kufa, kifo kinamsubiri barazani mpaka mchana wenu uishe.

Kila Jumapili baada ya misa, sisi tukisukana na kusengenyana, Siwema alifinyanga. Bonge la ukubwa wa yai, akalifunga kwa uzi wa nyavu aliopewa na mama yake, akaliweka kwenye chungu darini. Hakuvunja hata moja.

Nilimwambia, "Wifi, vunja moja tu upumzishe mgongo."

Akacheka. "Haya si ya mgongo, wifi. Siku mama akiniita, nitakaa naye mpaka anichoke."

Ndipo likaja soko huria. Ghala la ushirika likafungwa kwa kufuli, wanunuzi binafsi wakapanda milima na magari yao. Walinunua kahawa, wakanunua maharage, na mmoja mwenye Land Rover akaulizia udongo wa akiba. Nasikia mjini kuna watu wanaunawa ili likizo zao zirefuke. Huria! Huria ya nani?

Kaka yangu alipeleka suala la udongo huo kwenye sengu, pale wanaume wa ukoo wanapokula pamoja na kuamua mambo. Mzee Tobias, baba yetu mkubwa, akatoa hukumu huku anatafuna: kahawa ni ya mwanamume kwa sababu shamba ni lake, na udongo nao umetoka shambani kwake. Hakuna aliyeuliza mchana uliomo ndani ulitoka kwa nani. Mimi ndiye niliyewaandalia ugali siku ile, nikayasikia yote, nikanyamaza. Nilidhani ni maneno tu ya kushibia. Hilo sijisamehe.

Baada ya wiki, dereva wa lori la dagaa akaleta habari kwamba mama yake Siwema amezidiwa. Siwema hakulia. Alipanda darini haraka, uso unang'aa kabisa. Chunguni alikuta nyuzi tu, zimekatwa kwa kisu. Mnunuzi alitaka mabonge bila nyuzi.

Chini, Raimundi alikuwa anafungulia radio ya kaseti, mpya kabisa.

"Nimeuza udongo wa shamba langu," alisema. "Kosa liko wapi?"

Siwema alishuka na lori lile lile. Alimkuta mama yake hai. Mama akamshika mkono, akamuuliza, "Umekula?" Akakata roho chai haijachemka.

Aliporudi hakugombana na mtu. Machi ilifika, Raimundi akalaza nyasi zake, miraba mizuri ajabu. Siwema akakaa kibarazani, mikono mapajani. Wiki ya kwanza, ya pili. Mashamba yote ya jirani yakajaa mashimo, la kaka yangu nyasi zikakauka, na mvua ya mwisho ikaanza kuzisomba kuzipeleka bondeni. Sengu ikamwita.

Alipiga magoti. "Shikamooni, wazee."

"Marahaba. Mama, utachimba lini?" aliuliza Mzee Tobias.

"Jumapili zangu zote za miaka kumi na minane mmeziuza, baba. Sasa kila siku kwangu ni Jumapili mpaka zitimie. Zikitimia, nitachimba."

Siwema akainuka, akarudi kibarazani kwake. Ilikuwa Jumanne, jua kali, kazi imetukaba shingoni. Mimi nikatua jembe langu, nikaenda kukaa naye.