Mlinzi wa Getini Ana Jina

Halafu eti mtu mzima na akili zake anasema, "Ah, yule si msanii, yule ni wa kujazia." Wa kujazia! Kama pamba kwenye mto! Miaka ishirini na saba mzee wa watu anaigiza. Kawa daktari, hakimu, mwizi wa kuku, maiti mara tisa. Mkamlilia mara zote tisa, mkapenga kamasi, kisha mkaulizana, "Yule nani vile?"

Mtaani wanamwita Marehemu. Anaitika, anacheka. Bintiye ndiye damu inamchemka. Na mkewe hacheki. Filamu ikiisha, wengine wakinyanyuka kujinyoosha, mama anavaa miwani, anavuta kigoda mpaka pua inakaribia kioo cha runinga, anasoma majina yanavyopanda. Mpaka la mpishi, mpaka la fundi jenereta. La mumewe hamna.

"Bado," anasema, anakunja miwani.

Mwaka huu Marehemu akapewa nafasi ya mlinzi wa getini kwenye tamthilia. Maneno mawili tu: "Karibu, bosi." Mwingine angeyatema akaenda zake. Yeye akaenda kushinda siku nne na mlinzi wa benki, akajifunza mguu unavyokufa ganzi, na kalamu inavyofungwa kamba kwenye daftari la wageni isiibwe.

Siku ya kurekodi, staa kashuka garini, maneno yamemruka, kasimama domo wazi. Marehemu hata hakupepesa. Akamsogezea daftari.

"Andika jina, bosi. Hapa hapiti mtu asiye na jina."

Staa akainama, akaandika jina lake kweli. Kipande hicho ndicho mnachotumiana kwenye simu kutwa!

Kabla tamthilia haijarushwa, Marehemu na bintiye wakaenda chumba cha kuhariri. Kwenye orodha ya mwisho kumeandikwa "Mlinzi", basi.

"Mwanangu," akamwambia mwongozaji, "mlinzi huyu ana jina."

"Mzee wangu, majina yale nani anasoma?"

Binti keshakunja mikono ya shati. "Baba, niachie huyu!"

"Tulia, mama." Akamgeukia mwongozaji. "Mke wangu anasoma."

Mwongozaji akamuuliza jina lake kamili. Akaandika.

Jumapili sebule ikajaa majirani mpaka dirishani. Tamthilia ikaisha, majina yakaanza kupanda, mama yuko kwenye kigoda chake. Jirani mmoja, mpira umemjaa kichwani, kaminya rimoti!

"We! Rudisha!" Binti kamrukia, kampokonya, karudisha. Yalibaki majina matatu. La kwanza kati ya hayo, la baba, zima, mpaka la babu yake.

Mama akalisoma kwa sauti. Akalirudia, kwa sauti kubwa zaidi, wa dirishani nao wasikie. Marehemu akatazama dari, akakohoa kikohozi ambacho hajakiigiza popote.

Sasa nyie. Majina yakianza kupanda, weka rimoti chini. Kaa kitako. Soma mpaka la mwisho.