Nilimkuza Bila Kuuliza

Nilidanganya siku ya kwanza kabisa, na uongo wenyewe ulikuwa neno moja. Mzee aliyeanzisha chama chetu cha wachoraji aliniuliza mbele ya wenzake, "Wewe, sheria za ukuta unazijua?"

"Nazijua, mzee."

"Za simu ama zetu?"

Walicheka wote. Walijua nimejifunza kuchora kwa video, peke yangu, kwenye chumba cha kupanga. Nilicheka nao. Afadhali wanicheke kwa hilo kuliko wajue kwamba sheria sizijui.

Ukuta uko nyuma ya karakana yake, mtaani Section 58. Umechorwa foleni ya watu kwenye bomba la maji. Kila anayejiunga huchora mtu mmoja wa kwao, na kila Desemba tunakutana kuwaongezea wote mwaka mmoja: mvi, kitambi, viatu vipya. Tunaita kukuza. Humkuzi mtu uliyemchora mwenyewe. Hukuzwa na mkono mwingine. Mzee naye yumo. Alianza na nywele nyeusi tii, sasa ana upara uliochangiwa na watu watatu.

Desemba yangu ya kwanza nilifika siku mbili kabla ya wenzangu, kwa sababu nilipewa kazi ya kuosha ukuta. Nilitaka wanikute nimeshafanya kitu cha kuwanyamazisha. Ndipo nikamwona msichana wa miaka minane hivi, ameshika mtungi wa manjano. Foleni nzima ilikuwa imezeeka, yeye hapana. Lakini rangi ya gauni lake ilikuwa mbichi kuliko zote, maana kila mwaka kuna mtu aliyeirudishia. Niliiona rangi hiyo. Nilifikiri ni uvivu, kwamba wanampaka upya badala ya kumkuza.

Nilijua ni binti wa mama mmoja wa mtaa wa Keringet, mwenzetu chamani, anayeandika mabango ya saluni. Hakuwahi kumtaja mtoto huyo, nami sikuuliza.

Nilimfikisha miaka kumi na tano. Nilimrefusha, nikampunguza nywele, nikamvisha sweta ya shule ya upili. Uso niliurudia mara nne, kwa rangi ya mafuta. Shingo niliichukua kwa mama yake, ile ndefu inayoinama kidogo kushoto. Nilienda nyumbani nikijisifu.

Jumamosi mama huyo alifika na chupa ya chai. Alisimama mbele ya ukuta, hakuiweka chini.

"Nani amemkuza?"

Mzee aliangalia vidole vyangu.

"Ni mimi, mama. Nilidhani amesahaulika."

"Na nani?" Hakupaza sauti. "Asahaulike na nani?"

Mzee ndiye aliyenieleza, polepole, huku wengine wakiangalia pembeni. Aliyekufa hakuzwi. Hurudishiwa rangi tu, abaki vile alivyokuwa. Mtoto aliugua akiwa darasa la pili.

Nilichukua kitambaa na tapentaini. Chini ya rangi yangu kulikuwa na uso ambao mama mtu aliuchora kwa mkono wake. Nilisugua shavu kidogo tu. Zikatoka zote mbili, yangu na yake, saruji ikaonekana. Akanishika mkono.

"Wacha! Utanimalizia hata huyu."

Akamwangalia msichana ukutani.

"Hiyo shingo umetoa wapi?"

"Kwako."

"Kwani angekuwa mrefu hivyo?"

Akachukua brashi yangu, akaziba shavu mwenyewe, akampa mzee chupa ya chai awagawie watu.

"Basi akae hapo hapo," alisema. "Na mwaka ujao mtu asimguse ila mimi."

Tangu hapo yeye ndiye humrudishia rangi, na anayempaka ni yule wangu, mwenye sweta. Gauni halipo tena popote. Ujumbe wa kumwomba msamaha nimeuandika kwenye simu, nikaufuta, nikabadilisha neno, nikaufuta tena. Desemba iliyopita aliniomba nimchanganyie rangi ya ile sweta. Niliichanganya mara tatu kabla ya kumpa. Aliiangalia, akasema imefanana. Alikuwa karibu nami, wengine walikuwa mbali, na nilikuwa nimeshafungua mdomo.

"Hiyo inakauka haraka," nikamwambia.

"Najua," akasema, akainama kuanza kupaka.